Mfaransa Wangu wa Kijenge

Watu huniuliza nilipata faida gani kumfuatilia kwa miaka tisa mwigizaji mzee wa Kifaransa ambaye hata Wamarekani waliomwajiri hawalijui jina lake. Huniuliza huku wanacheka. Wacheke tu, ila jibu langu ni moja: mzee yule alikuwa anaijua kazi yake. Masteringi wengi niliowasemea, wale waigizaji wakuu, hawakuijua.

Nilikuwa mtafsiri wa muvi. Kwa asiyeifahamu kazi hiyo, muvi ya Kiingereza inaletwa studio, unaitazama mara moja, kisha unakaa mbele ya maiki na kuisimulia kwa Kiswahili mwanzo hadi mwisho, ukiwasemea watu wote peke yako. Ikikamilika inauzwa kwenye flashi na kuoneshwa kwenye vibanda vya video. Studio yetu ilikuwa chumba kimoja pale Kijenge, Arusha, kuta zimebandikwa trei za mayai kuzuia mwangwi, na tulirekodi asubuhi kabla fundi wa kuchomelea mageti hajaanza kelele zake. Wanawake kwenye kazi hii tunahesabika. Niliambiwa mapema kwamba mwanamke hawezi kumsemea jambazi. Nikawasemea majambazi mpaka waliosema hivyo wakatafuta la kusema lingine.

Mfaransa nilimkuta kwenye muvi ya tatu au ya nne niliyopewa. Alikuwa meneja wa hoteli, akauawa dakika ya kumi. Wiki mbili baadaye nikamkuta tena, safari hii anauza vito vya wizi, akafungwa. Halafu akawa padri. Halafu mpishi mwenye hasira, jasusi aliyestaafu, mwalimu wa piano, na mhudumu wa mgahawani mara nyingi kuliko ninavyoweza kukumbuka. Palipohitajika mgeni wa kuchekwa au kushukiwa, aliitwa yeye. Muvi zilitufikia bila mpangilio, kwa hiyo ndani ya mwezi mmoja nilimwona akiwa na mvi, kisha nywele nyeusi, kisha upara. Lafudhi yake ndiyo haikubadilika. Wamarekani walimlipa kwa sababu ya lafudhi hiyo, na kwa sababu hiyo hiyo hawakumpa usteringi hata siku moja.

Kabla ya kutafsiri nilikuwa mhudumu kwenye loji moja Usa River, na Kiingereza changu nilikipatia huko. Ndiyo maana macho yangu yalikwenda kwenye mikono yake. Trei aliibeba kwa vidole vilivyotandazwa chini yake katikati, si kwa kuishika ukingoni kama waigizaji wengine, na alimwekea mgeni sahani bila kumpitishia kiwiko usoni. Muvi ilikuwa inamtazama steringi, hakuna aliyemwambia ajisumbue. Alijisumbua hata hivyo. Nikampenda, na sidhani kama nadaiwa maelezo zaidi.

Sasa niseme ubaya wangu. Mwenye studio alitaka Mfaransa achekeshe. "Dada," aliniambia, "huyu mzee anaongea Kiingereza cha kwao. Mpe Kiswahili cha huko kwenu mlimani." Mimi ni Mmeru wa Nkoaranga. Mjini nilikuwa nimeshajifunza kuongea kama mtangazaji wa redio, lafudhi ya nyumbani nimeifungia kabatini. Nikaitoa kwa ajili ya Mfaransa. Nikamfanya aburute maneno kama wazee wetu, nikamtia mdomoni ujinga ambao hakuusema, na muvi zikatoka kama maandazi ya asubuhi. Vijana wa Arusha wakawa wanamwigiza mitaani. Mwenye studio akanisifu, na nilifurahi, sitadanganya.

Baba yangu ni mkulima wa kahawa na migomba, na alikuwa hajawahi kusikia kazi yangu. Siku moja aliteremka Usa River kununua kipuri cha bomba lake la kupulizia dawa. Mimi kwa kujidai nikampeleka kwanza kwenye kibanda cha video, ambako mchana ule walikuwa wanaonesha muvi yangu mpya. Nikamkalisha benchi la mbele.

Mfaransa alikuwa mhudumu. Tajiri mmoja mlevi akammwagia supu kifuani mbele ya wageni wote. Mfaransa aliweka trei mezani, akajifuta taratibu, akamtazama yule tajiri na kumwambia maneno machache. Juu ya maneno hayo mimi nilikuwa nimepachika upuuzi kuhusu supu, ndizi na mke wa mtu, kwa lafudhi ya baba yangu mzazi. Kibanda kizima kikaangua kicheko. Kijana mmoja nyuma yetu akairudia ile lafudhi, wakacheka upya. Baba hakucheka wala hakukasirika. Alivua kofia yake, akaiweka magotini.

Tulipotoka tukaenda dukani. Mwenye duka ni mzee wa Kihindi, wamefahamiana na baba tangu sijazaliwa, na kila wanapokutana hutaniana na kubishana bei kwa kelele mpaka wateja wengine wanasogea kusikiliza. Siku hiyo palikuwa na vijana watatu wamesimama kaunta. Baba alifika, akanyoosha kidole kuelekea kwenye rafu, basi.

"Leo mzee mwenzangu umenuna?" mwenye duka akamtania.

Baba akanigeukia. "Mwambie wewe," alisema kwa sauti ya chini. "Wewe ndiye unayejua kuongea."

Niliona aibu. Mzee ambaye hajawahi kumwogopa mtu alishindwa kutaja kipuri mbele ya watoto watatu, na aliyemfunga mdomo alikuwa mimi.

Kesho yake asubuhi nilikuwa studio. Kwenye muvi ya siku hiyo Mfaransa alikuwa fundi viatu anayehojiwa na polisi. Sikumbadilishia lafudhi. Niliyaondoa matani tu, nikamtafsiri neno kwa neno, kwa uzito aliouweka mwenyewe. Mwenye studio akasimamisha mashine.

"Dada, mbona hapa hachekeshi?"

"Hajasema cha kuchekesha."

"Basi mpe Kiswahili kisafi kama wenzake."

"Hiki ni kisafi. Ndivyo tunavyoongea."

"Watu wanataka kucheka, dada yangu."

"Wamcheke steringi. Anavaa miwani ya jua ndani ya nyumba."

Akaniambia nichague: matani au Kiswahili cha redio, la sivyo nimwachie maiki. Nilimwambia kwamba Mfaransa amezeeka na lafudhi ya kwao mdomoni, kila muvi, mbele ya dunia nzima, na mimi nimeificha yangu kutoka Nkoaranga hadi Kijenge, mwendo wa asubuhi moja. Kisha nikarekodi muvi yote iliyobaki kwa lafudhi ya nyumbani. Polisi, mke wa polisi, majambazi, hata mimi msimulizi, wote walikuwa Wameru. Aliniacha nifike mwisho, nadhani alitegemea nitachoka. Nilipomaliza akasema anaifuta.

"Futa," nikamwambia. "Na jina langu ulifute kwenye zote."

Alifuta. Wiki haikuisha akawa na mtafsiri mwingine, ambaye mpaka leo anamchekesha Mfaransa kwa lafudhi anayodai ni yetu. Hata kuiga kwenyewe hajui, anachanganya na ya Wachaga. Wapo wanaoniambia nilivimba kichwa, kwamba kazi ni kazi. Kazi ni kazi, kweli, na ile nilikuwa naifanya vibaya.

Jumamosi nikapanda Nkoaranga. Nilimkuta baba uani, anageuza kahawa kwenye kichanja. Nikamwamkia, akaitikia. Nikamweleza kwamba kazi imekwisha, na imekwisha kwa nini. Nilijiandaa kulaumiwa au kusamehewa. Hakufanya lolote kati ya hayo, aliendelea kuzitawanya punje kwa kiganja.

"Yule mzee aliyemwagiwa supu," akasema baadaye. "Alisema nini hasa? Mimi nilisikia vicheko tu."

Kwa miaka yote ile hakuna aliyewahi kuniuliza Mfaransa alisema nini.

"Alimwambia yule tajiri, 'Nimeajiriwa kukuletea chakula. Sikuajiriwa kukuogopa.'"

Mkono wa baba ukasimama juu ya kahawa. Akaniambia niseme tena, kwa nguvu, mama asikie kule jikoni.