Aproni Namba Arobaini na Saba

Ting. Kipngeno anaukumbuka mlio huo hadi leo: ting moja ya simu mfukoni, kisha nyingine, kisha nyingi zikifuatana kama mvua inapoanza kupiga mabati.

Yeye ni karani wa kupima majani chai. Kwa miaka miwili alikuwa akiweka kwenye ukurasa wake wa Facebook picha za ukungu shambani, zikitazamwa na watu kumi na mmoja, saba wakiwa jamaa zake. Halafu trela la wachumaji likapinduka konani. Mwanamke mmoja alilala matopeni, leso imemfunika uso. Kipngeno alimrekodi kabla ya kuuliza kama anapumua. Akaandika: Mchumaji afariki. Akaiweka video kwenye ukurasa wake, na ting zikaanza.

Kule Nyamira, mama mzee aitwaye Nyabate aliiona video. Uso hakuuona, ila aliiona namba 47 kwenye aproni. Ilikuwa namba yake kwa miaka ishirini, kabla hajamwachia bintiye Bochaberi. Lakini wachumaji huazimana aproni mvua ikinyesha, na siku hiyo 47 ilivaliwa na Janeffer, ambaye alivunjika mguu tu. Bochaberi mwenyewe alikuwa shamba lingine, simu yake ikichajiwa kibandani. Alipoiwasha jioni, nyumbani kwao walikuwa wameshachagua mahali pa kaburi.

Aliwapigia kuwaambia yu hai, kisha akamfuata Kipngeno bila kelele. Alimwambia kesho wataenda wote Nyamira, akamweleze mama kwa kinywa chake.

Kipngeno aliitazama simu. Watu elfu sitini walikuwa wameitazama video. Wengi kiasi hicho hawangerudi tena kwa ajili ya ukungu. Kidole kilisita, kisha akaifuta video.

Nyabate alimkumbatia binti yake kwa muda mrefu, ndipo akamgeukia mgeni.

“Huyu ndiye aliyekuua?”

“Ndiye, mama.”

“Mpe ugali. Anayeua haraka hivyo lazima ana njaa.”

Kipngeno alicheka, kisha akarudisha tonge sahanini. Aliomba msamaha kichwa kikiwa chini. Nyabate alimwongezea mboga.

Ukurasa wake sasa una watu mia mbili na ukungu ule ule. Mwezi uliopita pikipiki ilianguka kwenye kona ile ile, na simu zikainuliwa. Kipngeno aliita gari, akavua koti, akampa Bochaberi, aliyekuwa akitoka kuchuma, na mchumaji mwenzake, wakalitandaza kama pazia mbele ya simu. Kisha akapiga magoti kando ya majeruhi, akainamia sikio lake.

“Nipe namba ya mama yako,” alimnong'oneza. “Asikie kutoka kwako kwanza.”