Tumba la Nyota-Mti

Mtaa mzima ulimwita Mama Makali, na mgeni akilisikia jina hilo alijiandaa kukutana na mwanamke wa kumpandishia sauti. Wapi! Alikuwa mnoa visu, mpole mpaka wateja walimwonea, vidole vimejaa makovu madogo. Jiwe lake lilizungushwa kwa kanyagio, na kila alipomaliza kisu alikijaribu kwenye ukanda wa gazeti. Gazeti likitoa sauti, kisu kinarudi kwenye jiwe.

Alinoa mwaka mzima, isipokuwa zile siku chache ambazo Nyota-Mti hutoa tumba.

Nyota hiyo huonekana mara jua linapozama: shina la mwanga limesimama juu ya mapaa, lina matawi, na kila mwaka ncha ya tawi moja huvimba kabla ya kuchanua ua. Watu huisoma kila mmoja kivyake. Wachimba chumvi wa bondeni wakiona tumba huozesha mabinti zao harakaharaka. Wafugaji wa ng'ambo ya milima huiita Gugu, huitemea mate, kisha huenda zao kulala. Lakini mjini kwa Mama Makali, tumba likitokea, hakuna kukata. Anayekata hulitikisa tumba, nalo likianguka kabla ya kuchanua huondoka na mtu wa nyumba iliyokata.

Basi watu walimletea kila kitu chenye makali, akavifungia vyote katika sanduku la bati. Mkate uliraruliwa kwa mikono. Fundi cherehani alikata uzi kwa meno. Kinyozi, ambaye ana kipara, alipita barabarani akijisifu kwamba wiki hiyo mwanamume nadhifu ni yeye peke yake. Mkunga naye alisalimisha mkasi. Watoto waliozaliwa siku hizo walifungwa kitovu kwa uzi, wakalazwa na kondo lao ubavuni hadi ua lichanue.

Ufunguo alipewa Mama Makali kwa sababu hakuna aliyeogopa kama yeye. Alipokuwa mdogo, mama yake alimenya chungwa kwa kisu, akicheka, akisema chungwa nalo ni kitu gani. Jioni ileile tumba lilianguka. Kulipokucha, mdogo wake wa kiume hakuamka. Mama yao aliishi miaka mingi baadaye, na hakucheka tena.

Sasa tumba lilikuwa limevimba juu ya paa lake mwenyewe, na binti yake alikuwa akijifungua katika chumba cha nyuma ya karakana.

"Sukuma, mwanangu, sukuma," alisema mkunga. Halafu akanyamaza. Mama Makali alimjua vizuri. Mwanamke yule hata usingizini huongea.

"Kuna nini?"

"Kichwa kimetoka. Kitovu kimemzunguka shingoni, na kimekaza. Nimejaribu kukivusha, hakivuki." Mkunga aliinua uso. "Lete mkasi."

"Ua bado halijachanua."

"Dada, mtoto amekuwa wa buluu!"

"Mama," binti aliita kutoka kitandani, kwa sauti ndogo. "Mama, nini?"

Mama Makali alijikuta mbele ya sanduku bila kujua miguu imemfikishaje. Ufunguo ulikataa kuingia, au mkono ndio uliokataa. Alipofungua, ndani vilijaa visu vya mtaa mzima, vimelala kimya, vyote amevinoa yeye. Akachukua mkasi wa fundi cherehani uliokuwa juu, akaumwagia spiriti mpaka ikamchuruzika viwikoni.

"Nipe," mkunga alisema.

"Hapana. Nitakata mimi. Kama kuna wa kulipa, iwe mimi."

Alisema hivyo, lakini alijua. Mkono uliomenya chungwa ulizeeka salama. Aliyeondoka alikuwa mtoto.

Mkunga alibana kitovu sehemu mbili, akamwonyesha kwa kidole. Mama Makali alitamani mkasi uwe butu, kwa mara ya kwanza katika maisha yake. Haukuwa butu. Ulikata bila sauti.

Mtoto akateleza nje, mlegevu kama kitambaa kilicholowa. Mkunga alimsugua mgongo, akampuliza, akamsugua tena huku akimtukana: "Wewe mvivu, umetuhangaisha vya kutosha, pumua!" Kikatoka kilio chembamba, kisha kikubwa. Binti akaangua kicheko na machozi pamoja.

Mama Makali hakucheka. Aliutupa mkasi ndani ya beseni, akasimama katikati ya chumba akisikiliza. Kwa muda hapakuwa na kitu. Akaanza kuamini kwamba labda kitovu hakihesabiwi.

Ndipo barabarani mtu akapiga ukelele. Mwingine akaupokea. Milango ikafunguliwa, sauti ya kinyozi ikapaa juu ya zote, haina mzaha hata chembe: "Limeanguka! Jamani, tumba limeanguka! Tazameni watu wenu!"

Mkunga alimtazama Mama Makali. Alijifunika khanga na kwenda kusimama mlangoni, akiipa barabara mgongo, asije mtu akachungulia.

"Mama," binti aliuliza, mtoto akiwa kifuani pake, "wanapiga kelele za nini huko nje?"

"Za furaha," alisema. "Ua limechanua."

"Kumbe! Basi amekuja na bahati, huyu." Binti akafumba macho, amechoka. "Mshike kidogo, nilale."

Mama Makali akampokea. Alikaa chini, akaegemea ukuta, akaweka sikio karibu na pua ile ndogo. Mtoto akapumua. Halafu akanyamaza, kama wanavyonyamaza watoto wachanga, na bibi yake naye akazuia pumzi mpaka kifua kile kilipoinuka tena.

"Usilale," alimnong'oneza. "Mwanangu, tafadhali, leo usilale."

Lakini macho ya mtoto yalikuwa yakijifunga.