Nazi Iliyohamia kwa Donatien

Siku ile Rosemond alipokwenda kufanya kazi ya mbata kisiwani Farquhar, alimwachia mkewe Elvina nazi moja ya kokodemer, ile kubwa yenye umbo la nazi mbili zilizoungana, nyuma ya jiko. Alikuwa ameitoa bondeni begani, ameinama kama mtu aliyebeba kondoo. Hakuichimbia shimo. Aliilaza chini, akaifunika majani makavu.

"Hii usiisogeze hata kidogo," alisema. "Nikirudi nataka nikute mti."

"Na isipoota?"

"Itaota. Wewe mwagilia tu."

Meli ikamchukua. Farquhar ni mbali, meli zilikwenda kwa nadra, na Rosemond hakuwa mtu wa kuandika. Alisema mwaka mmoja. Ikawa minne.

Elvina hakuwa mwenyeji wa kisiwa chetu cha Praslin. Alizaliwa Mahé, kisiwa kikubwa cha jirani, ambako kokodemer huonekana tu mezani kwa wakubwa, imesuguliwa ikang'aa. Alikuja kijijini kwetu Anse Boudin kuolewa, akajifunza kusuka kofia kwa makuti machanga ya mti huo, na mara akawapita waliomfundisha. Alikuwa mfupi, mcheshi, na alikuwa na tabia ya kuongea na vitu: sufuria, kuku, mvua. Sasa akaanza kuongea na nazi. Ukipita asubuhi unamsikia: "Wewe nawe, umelala tu? Mwenzako yuko kazini."

Nazi haikujibu. Nazi za kawaida alizijua, chipukizi hutokea palepale kichwani ukaliona. Hii ilikaa kama jiwe. Mvua kubwa za Januari zikaja zikapita, Elvina akafunua majani, akatazama, akafunika tena.

Ndipo asubuhi moja jirani yake Donatien akamwita. Donatien alikuwa kapera wa makamo, mkulima wa vanila, mtu wa maneno machache. Nyua zao zilitenganishwa na ua wa vijiti.

"Jirani! Hebu njoo uone kioja."

Katikati ya vanila yake kilikuwa kimechomoza kitu cha kijani, kigumu, chenye ncha kama mkuki.

"Umepanda nini hapa?" Elvina akauliza.

"Sijapanda kitu."

"Basi nini hiki?"

"Ndiyo nakuuliza wewe."

Wiki zikapita, mkuki ule ukafunguka ukawa jani moja pana lililokunjwakunjwa kama pepeo la kujipepea kanisani. Hapo kila mtu akalitambua. Kokodemer. Lakini nani kaizika? Wageni wanaokuja kuipiga picha husema hakuna mbegu kubwa kuliko hiyo duniani. Hakuna panya wa kuiburuta wala ndege wa kuidondosha. Donatien aliamini ni marehemu mama yake amemkumbuka. Elvina alirudi kwake akaisema nazi yake: "Unaona wenzako? Wao hata hawakumwagiliwa!"

Mwishowe alikata tamaa. Aliona afadhali aiviringishe akaitupe, mumewe akirudi atamwambia imeibwa. Akainama, akaikumbatia, akavuta. Nazi nayo ikavuta.

Kelele alizopiga zilimleta Donatien mbio, panga mkononi.

"Nini?"

"Imeshikwa! Kuna kitu chini kimeishika!"

Donatien aliweka panga kando, wakafukua kwa mikono. Chini ya nazi ilitoka kamba nyeupe iliyonona, imezama ardhini kisha ikapinda. Wakaifuata. Ilipita kando ya jiko, chini ya mpapai, ikapenya chini ya ua, ikaenda moja kwa moja hadi kwenye jani la Donatien. Wote wawili wakakaa chini kwenye udongo.

"Wazee walikuwa wakisema mbegu hii hutembea," Donatien akasema. "Nilidhani ni mzaha."

"Kwa hiyo mti ni wangu."

"Umeota kwangu."

"Umetoka kwangu!"

"Haya, ukate kamba uuchukue."

"Nikikata si utakufa?"

"Basi ndiyo hivyo. Mama yuko kwako, mtoto yuko kwangu."

Elvina akacheka, ingawa hakujua kama ameshinda au ameshindwa.

Kijiti kimoja cha ua kilikuwa kimekaribia kuitoboa ile kamba. Wakaking'oa. Wakaona na cha pili ni hatari. Kufikia mwisho wa mwezi, ua wote ulikuwa umegeuka kuni. Elvina akawa anakwenda kila siku kumwagilia jani, na Donatien anakuja kuangalia kama nazi imefunikwa vizuri. Mtu akija kukagua nazi humpi kisogo, unampa chai. Ukienda kumwagilia ukakuta shelisheli linachomwa, unakula. Njia ikachimbika kati ya mlango na mlango.

Mtoni wanawake hawakumwacha. "Elvina, nazi ya mumeo haijambo huko ilikohamia?"

"Haijambo. Inawasalimu."

"Na wewe unahamia lini?"

Alicheka nao. Lakini akirudi alijiuliza kweli anakwenda kule kwa ajili ya nini, na jibu alilolipata jana halikuwa la leo. Donatien hakuwahi kumgusa hata mkono. Hilo nalo lilimchanganya.

Rosemond alirudi bila taarifa, mweusi kwa jua, sanduku kichwani. Alisimama uani kwake muda mrefu. Ua haupo. Njia nyeupe imekwenda kwa jirani. Na jirani mwenyewe ameinama, anapalilia kokodemer iliyokuwa sasa na majani matatu.

"Mti wangu uko wapi?"

"Ni ule pale," Elvina akasema. "Ulitembea. Njoo nikuonyeshe kamba."

Akafukua. Hakuna kamba. Akafukua mbele, akafukua chini ya mpapai, udongo mtupu. Kamba ilikuwa imemaliza kazi yake, ikaoza. Nazi yenyewe Rosemond aliigusa kwa mguu, ikabiringika, tupu kabisa. Donatien aliitwa aeleze, akaeleza vilevile, neno kwa neno.

"Mmefundishana?" Rosemond akauliza.

"Tunasema kilichotokea!"

"Kamba naijua, nimekulia hapa. Mti nauelewa. Hii njia ndiyo siielewi."

Tulingoja ugomvi, haukuja. Tulingoja aurudishe ua, hakuurudisha. Baada ya siku kadhaa Rosemond naye alionekana akipita njia ileile na ndoo, akamwagilia mti, akanywa chai kwa Donatien, akarudi kwake. Ikawa hivyo miaka mingi, watu watatu na mti mmoja, na sisi wapita njia hatukujua tumwonee huruma nani.

Kokodemer haisemi kama ni dume au jike mpaka itoe maua, na hiyo ni kazi ya miaka ishirini, thelathini. Elvina alisema jike, wagawane nazi. Siku ilipotoa, lilikuwa ua la dume, lisilozaa nazi, refu kama mkono, mijusi wa kijani wamelijaa wakilamba. Rosemond, mvi kichwa kizima, alilitazama, akaanza kucheka. Alicheka mpaka akakaa chini.

"Unacheka nini?" Elvina akauliza.

Akatikisa kichwa tu, machozi yanamtoka. Mwaka uliofuata alifariki, hajasema.

Donatien alikaa matanga, akangoja muda wa heshima, ndipo akavaa shati la Jumapili akamwendea Elvina na kumwomba wafunge ndoa.

"Kwa nini sasa?" Elvina akamuuliza. "Kwa nini siyo zamani? Au ilikuwa zamani, mimi sikuelewa?"

Donatien alifikiri. "Hata mimi sijui, jirani."

"Basi ngoja kwanza nifikiri."

Bado anafikiri. Wana zaidi ya miaka sabini sasa. Jumapili utawaona wakienda misa, Elvina mbele, Donatien nyuma kidogo na mwavuli, na padri mpya huwauliza kila mara kama ni mtu na mkewe. Mmoja husema ndiyo na mwingine husema hapana, kwa pamoja.