Mpaka Nilioufuta

Kazi yangu ya kwanza ya filamu niliipokea kwa shingo upande. Mwongozaji alisema ni ya majaribio tu, na majaribio ya watu wa mjini nayajua: unafanya, wanachukua, halafu simu yako haipokelewi tena. Nilikuwa nimepanga chumba Sombetini, huko mjini, na kazi yangu ilikuwa kuongeza au kufuta vitu kwenye picha zilizokwisha kurekodiwa. Hakuna aliyenijua. Nikakubali huku nikinung'unika.

Walikuwa wamerekodi kwenye shamba letu la kahawa, huko juu Meru, kwa ruhusa ya baba. Hadithi ilitaka shamba moja kubwa la tajiri, lakini katikati ya picha ulipita mstari wa masale, mimea ambayo kwetu ndiyo mpaka. Ng'ambo yake ni kwa baba mkubwa. Yeye na baba waliwahi kunyimana salamu kwa miaka kwa ajili ya mstari huo, hadi mchungaji alipowapatanisha. Nilijua yote hayo. Ila nilikuwa nimeshughulika kumshuku mwongozaji, nikasahau kujishuku mwenyewe. Nikayafuta masale jani kwa jani, nikajaza mibuni. Ilipendeza mno, nami kwa kiherehere nikaituma video kwenye kundi la ukoo.

Kesho yake asubuhi baba akapiga simu. "Njoo nyumbani. Leo hii."

Nilimkuta baba mkubwa amesimama kwenye mpaka, simu mkononi, na baba upande wetu.

"Shikamoo, baba mkubwa."

Hakuitikia. Tangu nizaliwe hajawahi kuniacha na shikamoo yangu hewani.

"Hii mnaipeleka wapi, wewe na baba yako? Baraza la ardhi?"

"Ni filamu tu. Masale si haya hapa?"

"Hapa yapo. Huku hayapo. Nikifa, wanangu wataonyeshwa ipi?"

Nikafungua kompyuta niliyokuja nayo nimwonyeshe picha ya awali, kisha ile niliyoifanyia kazi. Niliamini hilo lingeniokoa. Akatazama zote mbili, mara mbili.

"Kumbe unaweza kuyatoa na kuyarudisha."

"Naweza."

"Basi siamini hata moja."

Akaanza kutembea kwenye mpaka akigusa kila shina na kulihesabu kwa Kimeru, kwa sauti, tusikie. Alipofika mwisho akaenda zake bila kuaga. Niliona aibu hadi nikashindwa kumtazama baba usoni. Ndugu wawili waliopatanishwa kwa shida, mimi nimewachonganisha kwa siku moja.

Nikamwambia baba kwamba naifuta video na kazi yenyewe naiacha. Alivuta kigoda, akaniomba niichezeshe tena. Akaitazama hadi mwisho, kisha akachungulia kwa baba mkubwa.

"Ukiyarudisha," akaniuliza kwa sauti ya chini, "ni lazima yarudi palepale?"

Nilicheka. Baba hakucheka.