Tumempoteza

Kuongoza kipindi cha moja kwa moja ni kazi ya maneno mafupi. Una kamera tatu, una mtangazaji anayekusikia wewe tu sikioni, na nchi nzima inatazama. Nafasi ya "tafadhali" huipati. Mimi nilikuwa na ulimi mkali kuliko waongozaji wenzangu, na Mungu anisamehe, nilijivunia. Pale studioni kwetu Mwenge watu wazima walinikwepa kwenye korido.

Mtandao ukikatika na mgeni akatoweka kwenye kioo, tulikuwa na neno letu moja: tumempoteza. Tulilisema kila siku, bila kufikiri.

Asubuhi ile mgeni wetu alikuwa mwimbaji mkongwe wa taarabu, mzee aliyeugua muda mrefu. Tulimhoji kwa simu ya video, yeye akiwa kwake Temeke, kaegemea mito kitandani. Katikati ya jibu picha ikaganda, mdomo wake ukiwa wazi, kisha kioo kikawa cheusi.

"Tumempoteza mzee," nikamwambia mtangazaji. "Funga, tuendelee."

Mtangazaji huyo alikuwa binti mwenye wiki mbili tu kazini. Alimwona mgonjwa akikwama katikati ya neno, kisha akasikia sauti yangu. Akainamisha kichwa, akaitangazia nchi kwamba mzee wetu ametutoka.

Nilimfokea sikioni akiwa mbele ya kamera. Alikanusha. Tukakanusha tena kabla ya matangazo ya biashara na baada yake, maandishi mekundu yakipita chini ya kioo. Nikaanza kupumua, hata nikawa natunga maneno ya kumfukuzia kazi yule binti.

Ndipo mzee akapiga simu. Hakuwa na hasira. Kusikia kifo chake kulimchekesha kidogo. Shida yake ilikuwa mkewe. Mama alikuwa Mbagala kwa dada yake, ana presha, na walikuwa wamekaa kumtazama kwenye televisheni. Sasa kila akipiga, simu ya mkewe haipokelewi. Nikamwambia asiwe na wasiwasi, tumeshakanusha mara tatu.

Kisha akauliza, "Mwanangu, nyie huko kwenu watu wakifiwa wanaacha televisheni inaongea?"

Mimi nimezaliwa na kukulia Temeke. Najua msiba ukiingia nyumbani, mkono wa kwanza unakwenda kuzima redio na televisheni. Nilikuwa nimekanusha kwa nchi nzima isipokuwa nyumba ile moja. Niliogopa kuliko nilivyowahi kuogopa maishani.

Nilimwomba mzee namba ya mkewe na maelekezo ya nyumba, nikamwachia msaidizi kipindi, nikachukua bodaboda. Njia nzima nilipiga namba ya yule mama, nikamsihi Mungu apokee yeyote, hata mtoto. Nilimpigia kelele dereva kana kwamba foleni ameiweka yeye.

Mbagala nilikuta mikeka imeshatandikwa barazani. Wanawake wamejitanda khanga, wanaume wanashusha viti. Ndani, televisheni ilikuwa imefunikwa kitambaa. Nikawaambia mzee yu hai, nimeongea naye mwenyewe. Hakuna aliyefurahi. Mmoja akaniuliza mimi ni nani hasa, na mwenzake akasema mama alianguka hapohapo habari ilipotoka, wamemkimbiza hospitali.

Nikampigia mzee kumwambia, nikakimbilia huko; alinitangulia kufika, kaletwa na gari la jirani. Nilimkuta peke yake kwenye benchi la nje ya wodi, kofia mkononi, na nilipomwona tu nikajua.

Nikapiga magoti. "Shikamoo, baba. Mie ndiye niliyesema."

"Marahaba," akaitikia. Laiti angenitukana. Nikaanza kumweleza: mtandao, neno letu la kazini, ugeni wa yule binti. Alinisikiliza mpaka nikaishiwa maneno.

"Kaondoka akijua mie nimetangulia," akasema. "Huko alikokwenda atanitafuta, mwanangu. Atanitafuta, na mie sipo."