Kurasa Nilizoziruka za Kitabu cha Barafu

Nakumbuka vizuri, mwanangu, alasiri niliyowaua mabaharia zaidi ya ishirini kwa mdomo wangu, nimekaa kwenye kiti cha watu, chai ya maziwa mbele yangu. Usishtuke. Mabaharia wenyewe walikuwa kitabuni, na humo kitabuni hakufa hata mmoja wao. Mimi ndiye niliyewaua, na sababu yangu ilikuwa doti ya khanga.

Nimelifikiria jambo hili tangu juzi, uliponisomea yale utakayowaambia wenzako chuoni kuhusu kile kitabu cha jinsi barafu ya kusini mwa dunia inavyoyeyuka. Ulisema vizuri, bila kubabaika. Nilipokuuliza kama umekisoma chote, ukacheka: "Bibi, siku hizi nani anasoma chote? Muhtasari uko kwenye simu." Sikukujibu pale pale. Nakujibu leo.

Nilikuwa na miaka kumi na tisa, nimemaliza kidato cha nne, nakaa kwa mama yangu mdogo Mtaa wa Narung'ombe, hapa hapa Kariakoo. Kiingereza changu kilikuwa kizuri, nami nilijua ni kizuri, na huko kujua ndiko kulikoniponza. Mwalimu wangu mmoja akanipeleka Kisutu kwa Mzee Kanti, Mhindi aliyeacha duka lake la vifaa vya ujenzi baada ya presha ya macho kumpofusha. Alikuwa anatafuta mtu wa kumsomea vitabu kila alasiri.

Nilipopanda ngazi mara ya kwanza nikakuta chumba kilichojaa vitabu mpaka juu ya kabati la nguo, na karibu vyote vilikuwa vya jambo moja: ncha za dunia, kaskazini na kusini. Kulikuwa na vitabu vya watu waliosafiri huko, vya waliopima unene wa barafu, vya sili, vya nyangumi, vya upepo. Nikashangaa mtu wa Dar es Salaam anayelowa jasho tangu asubuhi anatafuta nini huko.

"Baba yangu alikuwa anawauzia wavuvi barafu pale sokoni Feri," akaniambia. "Kazi yangu utotoni ilikuwa kuyafunika mapande kwa magunia yasiishe kabla ya mchana. Siku moja mwalimu akatuambia iko nchi nzima ya barafu, na hakuna anayeifunika. Tangu siku hiyo sikupumzika."

Vitabu vilikuwa vya Kiingereza, lakini aliniagiza nisome ukurasa kimya kimya, kisha niueleze kwa Kiswahili. Nilidhani ni kwa ajili yake mwenyewe. Mkewe, Mama Hansa, alikuwa akikaa nasi akimenya njegere, na Kiingereza hakukijua. Basi nikasoma, naye akawa anauliza yale ambayo waandishi hawakuyajali.

"Wanafua wapi nguo zao hao?"

"Hawafui, mama. Zikilowa zinaganda zinakuwa ngumu kama bati."

"Na mama zao wanajua?"

Mzee Kanti alikuwa anacheka mpaka anatoa kitambaa kufuta macho yale yasiyoona.

Sasa, mwanangu, nikuambie nilivyoharibu. Uovu wenyewe ulianza kidogo kidogo. Kwanza niliruka mistari ya mwelekeo wa upepo. Kisha nikaruka orodha za vyakula na uzito wa mizigo. Baadaye nikawa naruka ukurasa mzima, kisha naunganisha kwa maneno yangu, na yalikuwa matamu. Mara moja Mzee Kanti aliinua kichwa akasema, "Zuhura, leo upepo umetulia mapema." Nikamjibu kwamba ndivyo ilivyoandikwa. Ningekuwa na akili ningejua nimeonywa.

Tukafika kwenye kitabu cha meli iliyonaswa na barafu huko kusini. Barafu iliibana miezi na miezi mpaka mbao zake zikapasuka, ikazama, wale watu wakabaki wamesimama juu ya bahari iliyoganda. Wakaburuta mashua zao, wakafika kisiwa kisicho na mtu. Kiongozi wao akachukua watu wachache na mashua moja ndogo kwenda kutafuta msaada, akawaahidi waliobaki kwamba atarudi. Hapo ndipo tulipoishia Jumatano. Mama Hansa aliacha njegere mkononi. "Atarudi?" akaniuliza. Nikamwambia tutajua kesho.

Kesho yake Mzee Kanti alikuwa amepelekwa kliniki ya macho, akaacha maagizo kwamba tuendelee. Nami siku hiyo nilikuwa na haraka. Rafiki yangu Mwanahamisi alikuwa anaolewa, doti za sare zimefika, na aliyechelewa angekosa. Kurasa zilizobaki zilikuwa nyingi, na zilianza na habari za mawimbi. Nikafungua kitabu, nikakitazamatazama, nikakifunga.

"Hakurudi, mama," nikasema. "Wale wa kisiwani walimsubiri mpaka wakafa wote."

Nilitoa mwisho wa huzuni kwa kuwa mwisho wa huzuni hauna maelezo mengi. Mama Hansa aliinuka, akabeba sinia la njegere, akaingia jikoni. Mimi nikashuka ngazi mbio, nikawahi sare yangu.

Jambo ambalo sikulijua ni hili. Wale wazee walikuwa na mtoto mmoja, Dilip, aliyeajiriwa kwenye meli ya mizigo, na ilikuwa miezi saba hawajapata barua yake. Picha yake ilikuwa ukutani, naiona kila siku, sikuwahi kuuliza. Kila Jumamosi mama yake alikuwa akibadilisha shuka za kitanda chake kisicholaliwa na mtu. Na kile kitabu, mwanangu, yeye hakukisikiliza kama hadithi ya Wazungu. Alikuwa kisiwani na wale watu, anasubiri nao.

Ijumaa nilipopanda ngazi nilikuta kitanda cha Dilip kimeondolewa godoro. Nguo zake zilikuwa zimefungwa mafurushi sebuleni, na mashati mawili yalikwisha kutolewa kwa watu wanaohitaji. Mama Hansa alikuwa amekaa chini, nywele hajazisuka. Mzee Kanti alikuwa amesimama ameshika kitabu.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Njoo ukae. Mke wangu ameniambia wale watu walikufa. Nisomee hapo walipokufa."

Nikafungua, nikapekua, nikapekua tena. Nilikuwa nausoma mwisho wa kile kitabu kwa mara ya kwanza. Kiongozi alirudi. Barafu ilimzuia mara tatu akageuza, mara ya nne akapenya. Na wale wa kisiwani walikuwa wakiishi chini ya mashua zilizopinduliwa, wanakula sili na pengwini, na kila asubuhi wanakunja malazi yao, kwa sababu huenda leo ndiyo siku. Walikuwa hai wote.

"Sioni, mzee," nikasema. "Hawakufa."

"Najua hawakufa. Nimekisoma kitabu hicho mara nyingi kuliko miaka yako. Vyote hivi nimevisoma."

"Sasa mimi unaniajiri wa nini?"

Akageuza uso kuelekea alikokaa mkewe. "Miaka yote ya ndoa yetu nimekwenda huko barafuni peke yangu, yeye ananiona kwa mgongo. Nilitaka safari hii twende wote. Nikakukabidhi wewe umshike mkono."

Nikalia. Nikaanza kumwomba Mama Hansa msamaha, nikamwambia kweli ni kwamba walirudi, wote, wazima. Akanitazama bila hasira, na hilo liliniuma zaidi.

"Jana ulisema wamekufa kwa sauti hiyo hiyo," akasema. "Nitajuaje leo ndiyo kweli?"

Mzee Kanti akaniambia neno ninalokupa wewe leo kama lilivyo: "Sisemi mtoto wetu atarudi kwa kuwa wale walirudi. Kitabu hakipigi ramli. Lakini kila mtu ana huzuni yake ya haki, na hii uliyompa haikuwa yake. Wale watu walitembea kila hatua ya safari ile, Zuhura. Wewe ulikuwa umekaa kwenye kiti, ukachoka."

Kisha akaniambia nirudi pale niliporuka. Nilisoma kwa Kiingereza sentensi moja moja, naye akaieleza kwa Kigujarati, lugha nisiyoijua hata neno. Kiswahili changu, kile nilichokuwa najivunia, hakikutakiwa tena. Tulisoma hivyo Ijumaa ile, na Jumamosi, na Jumapili. Jumapili ndiyo ilikuwa harusi ya Mwanahamisi. Matarumbeta yalipita barabarani chini ya dirisha, sare yangu iko nyumbani imekunjwa, nami nasoma habari za mawimbi. Hakuna aliyenilazimisha. Nilitaka kumaliza.

Tulipofika kwenye kisiwa, kiongozi yuko kwenye mashua anawahesabu watu wake kwa mbali, Mama Hansa alijifunika uso kwa ncha ya sari. Kisha akaenda akafungua furushi moja, akaanza kunyoosha nguo za Dilip.

Wiki nyingi nilibaki kuwa mtu wa kusoma Kiingereza tu. Tulianza kitabu kingine, cha watu wa kaskazini wanaoishi na kuzaa huko huko kwenye theluji, na mzee akaendelea kutafsiri mwenyewe. Mpaka alasiri moja Mama Hansa akasema, bila kuinua macho kwenye njegere zake, "Leo aseme Zuhura. Lakini aseme hata upepo." Nikasema hata upepo, na uzito wa mizigo, na idadi ya mbwa. Na pale nisipoelewa nikasema, mama, hapa sielewi.

Barua ya Dilip ilikuja baadaye. Alikuwa ameugua ugenini, akalazwa muda mrefu. Aliporudi likizo akauliza shati lake la bluu liko wapi, moja ya yale yaliyotolewa. Nilisimama nikamweleza mwenyewe, neno kwa neno, nilichofanya. Mama yake alicheka kwanza, ndipo na sisi tukacheka.

Mwanangu, kazi yangu yote ya maktaba unayoijua ilitoka kwenye chumba kile. Na mpaka leo sijaacha kusoma vitabu vya barafu. Ndiyo maana mvua zilipojaza maji bonde la Jangwani na watu wakawa wanasema ni barafu ya kusini imeshafika, niliweza kusema hapana, yale ni maji ya mvua yaliyokosa njia. Na waliosema barafu ya huko haituhusu, nao niliwaambia hapana. Ile iliyoko juu ya nchi kavu ikiyeyuka, bahari inapanda, polepole lakini inapanda, na hapa kwetu Feri na bandari viko mlangoni mwake. Nilisema bila kubabaika kwa sababu nilikuwa nimefika mwisho wa kitabu.

Kwa hiyo nasaha yangu ni hii. Usiseme kwa niaba ya kitabu ambacho hukukimaliza. Ukisimama mbele ya watu, hujui nani kati yao amekaa kisiwani anasubiri neno lako. Pale ulipofika, sema umefika. Pale ambapo hujafika, sema bado. Hakuna aibu katika neno hilo, nimelisema mara nyingi na nimeheshimiwa kwalo. Na ukikosea, rudi mwenyewe mpaka ukurasa ule ule ulioruka, hata kama nje harusi inapita.

Nenda kasome, halafu uwaambie wenzako kwa kifua kipana. Mungu akupe macho yasiyochoka na ulimi unaoaminika, akukutanishe na watu watakaokuonya mapema, na kila atakayekusikiliza aondoke amebeba kilicho kweli. Amina.