Paa la Mama Konseye

Bado sijazoea kusema "alikuwa". Mama Konseye Zaina ametutoka wiki hii, hapa Rumonge, ndani ya nyumba ya mama yake mzazi, na mimi kila nikisikia lango lao likilia nageuka kuangalia.

Munaonifuata hapa munajua sisemi sana. Hata picha naweka bila maneno. Leo naomba munivumilie.

Kwa wasiomjua: alikuwa konseye, yaani diwani, kule jijini, manda mbili nzima, vipindi viwili vya uchaguzi. Mama yake alikuwa akianika ndagala, dagaa wetu wa ziwa, hapa hapa ufukweni. Yeye akaenda jijini kushona nguo, mpaka watu wa mtaa wake wakamchagua awasemee barazani. Alipomaliza akarudi nyumbani. Tulikuwa majirani, ukuta kwa ukuta.

Mara ya kwanza kunituma alinituma mafuta ya mawese. Niliona haya kuuliza bei, nikarudi na chupa tupu, nikasema yamekwisha.

"Mafuta yamekwisha? Soko la Rumonge, mji wa mawese?" Alicheka mpaka akakaa chini. Kisha akavaa kandambili, tukaenda wote. Hakusema neno kwa muuzaji. Aliweka tu mkono mgongoni mwangu, akangoja mpaka nikauliza mwenyewe.

Mkono ule nilikuja kuuelewa aliponisimulia habari ya paa.

Katika manda yake ya kwanza, wanawake wanaoanika ndagala kwenye ufukwe wa jiji walikuwa wakilia na mvua. Ikinyesha ghafla, samaki wote wanaharibika. Mama Konseye akaipigania proje, mradi wa paa, barazani, akapata mabati. Likajengwa paa kubwa, zuri, juu ya meza zote za kuanikia. Siku ya kulifungua alivaa kitenge kipya, akapewa mikro aseme, akapigiwa makofi.

Ndagala hazikukauka.

Jua lilibaki juu ya bati, ndagala zikabaki kivulini. Baada ya siku chache harufu ilifika barabarani. Mama Hawa, mwanikaji mwenye mdomo wake, akamfuata mpaka biro, ofisini kwake.

"Weye Zaina! Mama yako ameanika ndagala maisha yake yote, na weye unatufunikia jua?"

"Sasa mulinyamaza kwa nini walipokuwa wanajenga?"

"Tulisema konseye anajua. Tulifikiri hiyo bati iko ya kisasa, jua inapita!"

Ilibidi arudi barazani kuomba paa lake mwenyewe lishushwe. Wenzake walimcheka waziwazi. Mabati machache akayahamishia pembeni, pale wanawake wanapolaza watoto wao wakiwa kazini. Watoto wanalala pale mpaka leo.

Tangu hapo hakumsemea mtu ambaye hajasema mwenyewe kwanza. Alimleta mwenye shida mpaka mbele ya baraza, akasimama nyuma yake, mkono mgongoni. Bomba la maji la mtaa wao lilipatikana hivyo. Choo cha soko pia, na aliyekiomba ni muuza nyanya mwenyewe.

Na wageni wakija kumsalimia hapa Rumonge, kabla chai haijamiminwa, anasema: "Nianze na paa, maana musipolisikia kwangu mutalisikia kwa Hawa."

Kwetu matanga hayaondoki bila mtu kusimama aseme juu ya marehemu. Kaka yake mkubwa, Mzee Saidi, akaniita.

"Mwanangu, wewe ndiye uliyekaa naye siku za mwisho, kwa hiyo utasema wewe. Sema bomba, sema choo. Hiyo habari ya paa uiache. Marehemu hatajwi kwa kosa lake."

Nikajibu, "Ndiyo, mzee." Mimi kila mtu namjibu ndiyo.

Lakini nilipojaribu kupanga maneno bila paa, aliyebaki alikuwa mtu mwingine. Mtu wa kwenye bango la uchaguzi. Sikumjua.

Leo asubuhi Mama Hawa alifika na wenzake kutoka jijini. Nikamweleza nilivyokatazwa habari ya paa, kwa sauti yangu hii ndogo.

"Sema, mutoto. Usiposema weye nitasema miye, na miye naongezaga chumvi."

Nikasimama uani, upande wa wanawake. Wanaume walikaa nje ya lango, wanasikia kila kitu. Nikaangalia miguu yangu.

Ndipo nikahisi mkono mgongoni. Ulinuka ndagala.

Nikaanza na paa.

Jamani, watu walicheka. Kwenye matanga! Wanawake wa jijini walicheka huku wanajifuta macho kwa ncha za vitenge. Nikasema bomba, nikasema choo, nikamalizia na watoto wanaolala chini ya yale mabati. Nje ya lango, kwa Mzee Saidi, niliogopa kutazama.

Mzee Saidi akakohoa. Akaomba dua ya kufunga.

"Ewe Mola, dada yangu alitaka kuwapa watu kivuli, wakakikataa. Mpe wewe kivuli chako, siku ambayo hakuna kivuli kingine."

Tukaitikia Amina, uani na nje ya lango.

"Hicho kivuli hatukibomoi," Mama Hawa akasema polepole nyuma yangu. Mkono wake ulikuwa bado mgongoni.

Mama Konseye, chupa yako ya mafuta iko kwetu, tupu. Kesho naipeleka sokoni, na bei nitauliza mwenyewe.

Murakoze, asante, kwa mkono ule. Sasa pumzika, mama. Lala vyema kivulini.